Viazi vya Matabaka na Mayai: Dalili, Chanzo na Dawa Yake

Viazi mviringo vya kuchemsha, mayai ya kuchemsha, krimu chachu na, kwa anayependa, soseji ya moshi. Vinapangwa tabaka juu ya tabaka, vinaokwa mpaka juu papate rangi ya dhahabu. Wahungaria, ambao ndio wenye jina lake, hukiita rakott krumpli, yaani viazi vilivyopangwa. Ni chakula cha kushibisha na kutuliza moyo, na ukikisikia hivyo utadhani hakina mahali pa kuharibikia. Kinapo, tena pengi.

Kabla ya kuanza kutafuta kosa, shika jambo moja: karibu kila kinachoingia kwenye oveni hapa kimeshaiva. Oveni inapasha, inaunganisha na kutia rangi, basi. Haiwezi kukiivisha vizuri kiazi kilichotoka sufuriani kigumu, wala kukikausha kilichokunywa maji. Kwa hiyo chakula kikitoka kibaya, rudi kwanza kwenye sufuria. Oveni iulize baadaye.

Kipimo cha kulinganishia

Kwa watu 6, na chombo cha kuokea cha sentimita 20 kwa 30 chenye kina cha sentimita 6: viazi kilo 1.5, mayai 8 pamoja na kiini kimoja kibichi, krimu chachu gramu 550 yenye mafuta asilimia 20, soseji ya moshi gramu 200, siagi gramu 50, chenga za mkate mkavu gramu 40, na chumvi.

Chemsha viazi na maganda yake, viache vipoe, menya, kisha kata duara za milimita 5 hadi 6. Mayai dakika 9. Soseji ikatwe nyembamba na kupitishwa kwenye kikaango. Krimu ikorogwe na kile kiini kibichi na nusu kijiko cha chai cha chumvi. Paka chombo siagi, nyunyiza chenga kidogo, panga theluthi ya viazi, tia chumvi, weka nusu ya mayai na nusu ya soseji, paka gramu 150 za krimu. Rudia. Malizia kwa viazi, krimu yote iliyobaki, chenga na vipande vidogo vya siagi. Nyuzi 180 za Selsiasi, rafu ya katikati, dakika 40. Kisha kitoke na kipumzike dakika 15 kabla kisu hakijakigusa.

Namba hizi tutazirejea humu mwote.

Viazi bado vigumu katikati

Hili ndilo kosa linalowakatisha watu tamaa zaidi, kwa sababu wanarudisha chombo ovenini, wanaongeza nusu saa, wanaonja, na kiazi kiko vilevile. Sababu ni krimu chachu yenyewe. Uchachu huikaza pektini, ile gundi inayoshikanisha seli za kiazi, na kiazi kilichozungukwa na kitu kichachu hulainika polepole mno. Ndiyo maana viazi lazima viive kabla ya kukutana na krimu. Kama ulidhani vitamalizikia ovenini, umeshapata jibu lako.

Chanzo huwa ni kimoja kati ya hivi vitatu. Cha kwanza, viazi havikulingana ukubwa: vya gramu 120 viliiva, cha gramu 250 kikaachwa nyuma, vyote vikatolewa pamoja. Chagua vinavyolingana, au toa kimoja kimoja kadiri kinavyoiva. Cha pili, vilitumbukizwa kwenye maji yanayochemka. Nje huiva na kupasuka wakati kiini bado kibichi. Anzia na maji baridi yanayovifunika kwa sentimita 2, yachemke taratibu, kisha punguza moto yabaki yanatokota kwa utulivu. Kuanzia hapo kiazi cha gramu 150 huchukua dakika 25 hadi 30. Cha tatu, kipimo cha uma. Uma una meno manne na nguvu ya mkono wako nyuma yake; unaingia hata kwenye kiazi ambacho hakijawa tayari. Tumia kisu chembamba chenye ncha. Kichome mpaka katikati, kisha inua kisu pamoja na kiazi. Kikining'inia, bado. Kikitelezea chini chenyewe polepole baada ya kuhesabu moja, mbili, kimefika pale tunapopataka. Kikianguka papo hapo na kupasuka, umepitiliza.

Chakula kikiwa kimeshaingia ovenini na ukagundua ugumu, unaweza kukiokoa nusunusu: mimina mililita 100 za maziwa ya moto pembeni, funika kwa foili ibane kabisa, shusha hadi nyuzi 170, subiri dakika 40 nyingine. Viazi vitalainika, ila mayai yatakuwa yamekaza. Hilo ndilo utakalolipia.

Na kuhusu njia ya mkato ya kupanga viazi vibichi: inawezekana kwa viazi vya milimita 3 ndani ya krimu tamu (yaani isiyochachushwa), chini ya foili, dakika 75 hadi 90. Lakini mayai ya kuchemsha yakikaa humo muda wote huo yanakuwa mpira. Kwa chakula hiki, njia hiyo haifai.

Viazi vimevurugika, vimekuwa uji

Viazi mviringo viko vya namna mbili. Kuna vyenye unga, ambavyo vikiiva hufunguka na kumumunyuka, vizuri sana kwa kuponda. Na kuna vyenye utelezi, vilivyokaza, ambavyo vikikatwa hubaki na kingo safi. Hapa tunataka vya pili, au vya kati. Kama hujui ulichonacho, koroga kikombe 1 cha chumvi kwenye vikombe 11 vya maji, tumbukiza kiazi kibichi. Chenye unga ni kizito kwa wanga, kitazama. Chenye utelezi kitaelea. Chumvi hiyo si ya kumwaga baada ya kiazi kimoja. Pima vyote, kisha vioshe.

Ukiwa na vyenye unga tu, usivitupe. Vichemshe na maganda, vitoe vikiwa na ukinzani kidogo, na vipoe kabisa kabla ya kukata, ikiwezekana vilale kwenye friji usiku kucha. Wanga uliovimba kwa joto hujipanga upya unapopoa, na kiazi kinakaza. Kiazi kile kile ambacho moto moto kilikuwa kinaganda kwenye kisu na kukatikakatika, kesho yake kinakatika kama jibini. Kwa kweli hata vyenye utelezi vinapendeza zaidi vikikatwa vimeshapoa. Ukiwa na haraka, angalau saa moja nje, vimetandazwa, si kwenye rundo. Rundo linahifadhi joto na viazi vinaendelea kujiivisha.

Mwenye kipimajoto cha jikoni ana njia nyingine. Menya viazi vyenye unga vikiwa vibichi, kata vipande vya milimita 6, viweke kwenye maji ya nyuzi 60 hadi 65 kwa dakika 25, chuja, vipoe, ndipo uvichemshe dakika 8 hadi 10 vilainike. Katika joto hilo la kati kimeng'enya kilichomo ndani ya kiazi huibadilisha pektini ikakaza, na baadaye vipande haviparaganyiki hata vikichemka. Ni kazi ya ziada, lakini inafanya kazi.

Viazi viko sawa, ila kipande kikitolewa kinabomoka

Kwanza muda wa kupumzika. Dakika 15 si heshima tu kwa mpishi anayetaka kukaa. Krimu yenye kiini inapotoka ovenini bado ni laini sana. Ikipoa kidogo inashika. Ukikata papo hapo utapata rundo tamu, lakini rundo.

Pili mpangilio. Viazi vikipangwa kimoja kando ya kingine kama sarafu mezani, kila tabaka linakuwa sakafu inayoteleza juu ya nyingine. Vipandane, kila kimoja kikiegemea theluthi ya mwenzake, kama magamba ya samaki. Duara za mayai zisizidi milimita 6, na usiache tabaka la mayai bila krimu juu yake, kwa sababu yai lililochemshwa halishikani na kitu chenyewe. Ukishamaliza kupanga, bonyeza kwa kiganja kutoka juu, kwa utaratibu, mpaka uone krimu inapanda kidogo pembeni. Watu wengi huogopa kubonyeza. Usiogope.

Kuna maji chini ya chombo

Hapa usikimbilie dawa. Inamisha chombo, chota kijiko kimoja cha hayo maji, uyatazame kwenye mwanga na uyaonje, kwa sababu yako ya aina tatu na kila moja ina chanzo chake.

Yakiwa meupe-meupe, mazito kidogo, hayana uchachu, ni maji ya viazi. Vilimenywa kabla ya kuchemshwa, au vilipasuka maganda, au vilichujwa na kupangwa vikiwa bado vinachuruzika. Kiazi kilichomenywa kinakunywa maji kwa pande zote. Kilichochemshwa na ganda lake kinakunywa kidogo sana. Kama huna budi kumenya kwanza, basi baada ya kuchuja rudisha viazi kwenye sufuria tupu, juu ya moto mdogo, bila mfuniko, dakika 2 au 3, ukiitikisa sufuria. Utaona mvuke mwingi, kisha unapungua, na uso wa viazi unaanza kuwa mweupe mkavu kama uliopakwa chokaa. Hapo ndipo. Vipoe bila kufunikwa, maana mfuniko unaurudisha mvuke wote chini.

Yakiwa maangavu, ya kijani-manjano kwa mbali, machachu, na juu yake zinaelea punje ndogo nyeupe, hayo si maji ya viazi. Krimu imekatika. Nenda kwenye sehemu inayofuata.

Yakiwa na rangi ya kahawia au na ladha ya mboga, ulitia uyoga, vitunguu au mchicha vikiwa vibichi. Uyoga ni maji kwa sehemu kubwa kabisa, na ndani ya chombo kilichojaa hauna pa kuyapeleka ila chini. Gramu 250 za uyoga zikaangwe mpaka kikaango kikauke na uyoga uanze kulia chwee. Vitunguu vikaangwe mpaka vilainike na kupata rangi. Mchicha uchemshwe, upoe, ukamuliwe kwa mikono mpaka udhani umemaliza, kisha ukamuliwe tena.

Kuokoa kilichokwisha kulowa: kiache nje ya oveni dakika 20 badala ya 15, kwa kuwa viazi vitarudisha sehemu ya maji ndani. Kisha inamisha chombo na ufyonze yaliyobaki kwa kijiko au kwa karatasi ya jikoni. Usirudishe ovenini ukitumaini yatakauka. Juu pataungua kabla chini hapajakauka.

Krimu imekatika, ina punje

Ladha haijaharibika na chakula ni salama. Kilichoharibika ni ule ulaini ambao ndio roho ya chakula hiki.

Protini za maziwa ndani ya kitu kichachu zinakaa kwenye ukingo. Joto likizidi zinakumbatiana, zinakazana, na maji yaliyokuwa katikati yake yanafukuzwa. Kinachozizuia ni mafuta na wanga. Krimu ya asilimia 20 na kuendelea ina mafuta ya kuzikinga kwa kiasi kikubwa. Ya asilimia 10 au 12, ile inayouzwa kama nyepesi, haina, na itakatika karibu kila mara ikiachwa peke yake. Ukiwa nayo hiyo tu, ipe msaada: kijiko kimoja kikubwa cha unga wa ngano kwa gramu 500, kikorogwe kwanza na vijiko viwili vya maziwa baridi pasiwe na madonge, ndipo kiingie kwenye krimu. Wanga wa mahindi nao unafaa, kijiko kimoja kikubwa kisichojaa sana.

Mtindi hufanya kazi, mradi ukamuliwe. Mimina gramu 800 kwenye kitambaa safi juu ya chujio, uning'inize kwenye friji saa 3 au 4, utapata karibu gramu 500 za mtindi mzito. Changanya na gramu 100 za krimu tamu nzito na kijiko kikubwa cha wanga wa mahindi. Mtindi mtupu, mwembamba, bila wanga, usiujaribu.

Mambo mengine mawili yanayokata krimu. Kuitoa kwenye friji na kuipaka juu ya viazi vya moto. Acha krimu ikae nje nusu saa, na viazi viwe vya uvuguvugu au baridi. Na oveni ya nyuzi 200 au 220. Sikiliza chombo kinapokuwa ndani. Kwa nyuzi 180, baada ya dakika 25 hivi, pembeni panaanza kutoa mapovu makubwa mazito, yanayopanda na kupasuka taratibu, *poh*, kisha kimya kidogo, *poh*. Hivyo ndivyo inavyotakiwa. Ukisikia mchemko mwembamba wa haraka unaozunguka chombo chote, joto limezidi. Shusha nyuzi 20 bila kuchelewa. Oveni yenye feni iwekwe 160 tangu mwanzo.

Krimu iliyokwisha kukatika hairudi ndani ya chombo. Unachoweza ni kuificha: pasha mililita 150 za krimu tamu nzito, mimina juu mara tu chakula kinapotoka, acha kipumzike. Itajaza mianya na kulainisha ulimi.

Mafuta mekundu yanaogelea

Ni soseji. Soseji kavu ya moshi yenye paprika (unga wa pilipili nyekundu isiyo kali) ina mafuta mengi, na yakishayeyuka hayana pa kwenda. Ikate milimita 3, iweke kwenye kikaango baridi, washa moto wa wastani, dakika 5 hadi 6 mafuta yatoke, ichuje. Hayo mafuta usiyamwage yote: kijiko kimoja kipake chombo badala ya siagi, kingine kinyunyizwe juu ya chenga. Ndiyo yenye harufu. Kuikaanga soseji pia kunaondoa tatizo la ngozi ngumu inayong'ang'ania meno; ngozi nene yenyewe ibanduliwe kabla ya kukata.

Kwa asiyekula nyama, vitunguu viwili vikubwa vilivyokaangwa na kijiko kikubwa cha paprika vinashika nafasi hiyo vizuri. Angalizo: toa kikaango motoni kwanza, ndipo utie paprika. Ina sukari, na kwenye mafuta ya moto inaungua kwa sekunde chache ikawa chungu. Rangi ikigeuka kutoka nyekundu kwenda udongo, anza upya.

Kimekuwa kikavu, kinasakama kooni

Tazama aina ya viazi. Vyenye unga hunywa krimu kama sifongo na vinahitaji gramu 100 hadi 150 zaidi. Tazama chombo: kipana na kifupi kinapoteza unyevu haraka, hivyo dakika 30 zinatosha. Na tazama ulivyogawa krimu. Wengi huitumia kwa ubahili chini wakabakiza nyingi ya juu ili paonekane pazuri, kumbe tabaka la kati halikupata hata tone. Gramu 150, 150 na 250, kama tulivyoandika mwanzo.

Kikiwa kimeshakauka, maziwa ya moto mililita 100 kupitia matundu yaliyochomwa kwa kisu, foili juu, dakika 10.

Mayai

Duara la kijani-kijivu kuzunguka kiini si uchafu wala dalili ya yai bovu. Ni chuma cha kwenye kiini kilichokutana na salfa ya kwenye ute baada ya joto la muda mrefu. Yai hapa linapikwa mara mbili, kwa hiyo mara ya kwanza lisipitilize. Dakika 9 kwenye maji yanayotokota, kisha moja kwa moja kwenye maji ya barafu dakika 10. Kiini kiwe kimeshika lakini katikati kina unyevunyevu, rangi yake imekolea. Ukichemsha dakika 12 na zaidi, ovenini litakuwa na kijani na ute wa mpira, na hakuna dawa.

Yanayokataa kumenyeka huwa mapya mno. Ute wa yai lililotagwa juzi bado una ualkali mdogo, na hali hiyo huufanya ushikamane na utando wa ndani wa ganda. Kadiri siku zinavyopita kabonidioksidi inatoka kupitia ganda, ualkali unaongezeka na ute unaachia. Mayai ya wiki moja au mbili ni bora. Na yatumbukize kwenye maji yaliyokwisha chemka, si baridi. Ukimenya na ute ukachanika, usihuzunike, hapa yanakatwa hata hivyo.

Yanayovunjika yakikatwa, kiini huku na ute kule: kata yakiwa baridi, na futa kisu kwa kitambaa chenye maji kila baada ya yai moja. Uzi mwembamba imara unakata vizuri kuliko visu vingi.

Hakina ladha

Ni chumvi ya viazi. Viazi vilivyochemshwa na maganda havikuingia chumvi hata kama maji yalikuwa na chumvi kama ya bahari. Kila tabaka la viazi, ambalo ni kama gramu 450, linataka nusu kijiko cha chai cha chumvi laini kama kuna soseji, robo tatu kama hakuna. Itiwe juu ya viazi vyenyewe, si juu ya krimu peke yake. Ukinyunyiza chumvi mezani, unaonja chumvi kwanza na kiazi kisicho na kitu baadaye.

Utamu usioeleweka hutokana na viazi vibichi vilivyokaa kwenye friji. Baridi hugeuza wanga kuwa sukari. Vihifadhiwe mahali pa giza, pa ubaridi wa kawaida, penye hewa.

Uchungu ni jambo jingine, na hapa tafadhali usipuuze. Viazi vyenye kijani au vilivyochipua hukusanya sumu iitwayo solanini, ambayo moto wa jikoni hauimalizi. Kijani kidogo kikatwe kwa kina pamoja na macho. Kiazi kilichogeuka kijani sehemu kubwa, au chenye uchungu ukikionja, kitupwe.

Juu ni peupe, au pameungua

Peupe: chenga hazikupata mafuta. Zichanganye na siagi iliyoyeyuka, gramu 30 kwa gramu 40 za chenga, kabla ya kunyunyiza, na dakika 5 za mwisho washa moto wa juu wa oveni ukisimama hapohapo. Pameungua na ndani pa baridi: chombo kilikuwa rafu ya juu, au kilitoka kwenye friji. Kilichopangwa jana kinahitaji dakika 55 hadi 60, nusu saa ya kwanza chini ya foili. Chini pakishika, ni siagi haikufika kwenye pembe, au chombo ni bati jembamba. Kiweke juu ya trei nyingine.

Kikifurika na kudondokea ovenini, ulijaza mno. Acha sentimita 1.5 kutoka ukingoni.

Huna oveni

Sufuria nzito yenye mfuniko unaobana, siagi ya kutosha chini, moto mdogo kabisa, dakika 35 hadi 40. Funga mfuniko kwa kitambaa safi, kingo zake zikunjwe juu mbali na moto, ili mvuke unaporudi unyonywe na kitambaa badala ya kudondokea juu ya krimu. Chenga zikaange pembeni kwa siagi mpaka ziwe dhahabu, uzitie wakati wa kupakua.

Kesho yake

Kisikae nje zaidi ya saa 2. Kwenye friji, kimefunikwa, siku 3. Wengine hukipenda zaidi siku ya pili, na si bure: matabaka yameshashikana na vipande vinatoka vimenyooka.

Kikipashwa kwenye maikrowevu kwa nguvu zote, krimu inakatika na mayai yanalipuka au kukaza. Nusu ya nguvu, kijiko cha maziwa juu, kifunikwe, dakika 3 hadi 4. Ovenini ni nyuzi 160 chini ya foili, dakika 20 hadi 25, mpaka katikati pawe pa moto kweli: kisu kikikaa humo sekunde 10, ncha yake iunguze mdomo, au kipimajoto kisome nyuzi 74. Kikaango nacho ni kizuri, pengine kizuri kuliko vyote: kata kipande kikiwa baridi, kilaze ubavu kwenye siagi kidogo, moto wa wastani, dakika 4 kila upande.

Usikigandishe. Barafu inararua ute wa yai lililochemshwa, ukiyeyuka unakuwa mpira unaotoa maji, na viazi vinakuwa vya chengachenga. Ukijua utahitaji akiba kwenye friza, gandisha soseji iliyokwisha kaangwa peke yake, na viazi na mayai vichemshwe siku ya kupika.